Simu Ikianza Kuongea Katikati ya Mechi: Namna ya Kumtuliza Msaidizi wa Sauti

Dakika ya themanini na tano, mko sare, umepenyeza pasi nyuma ya beki, na papo hapo nusu ya skrini inafunikwa na msaidizi wa sauti, ile programu ya simu inayopokea amri kwa kuongeleshwa, akiuliza akusaidie nini. Ukimwondoa na kurudi uwanjani, mpira uko kwenye wavu wako. Mechi ya mtandaoni haimngoji mtu. Seva inaendelea na mpinzani wako naye anaendelea. Kwenye gemu za kufyatuliana risasi kama Free Fire au PUBG Mobile ni vibaya zaidi, kwa sababu mchezaji wako anabaki amesimama kama mlingoti huku watu wanamlenga. Na kama simu ina RAM (kumbukumbu ya kuendeshea programu) ya GB 2 au 3, mfumo unaweza kuifunga gemu kabisa ili msaidizi apate nafasi, kisha uanze upya kuingia, bando likiliwa.

Hapa Kisumu maelezo ninayoyasikia kila mara ni yale yale: "Simu inanisikiliza." Wakati mwingine ni kweli. Lakini mara nyingi hakuna aliyemwita msaidizi kwa mdomo. Ameitwa na kidole, na kiganja, au na waya wa vipokea sauti. Ndiyo maana mtu anazima "Hey Google", yale maneno ya kumwamsha msaidizi, anashangilia, halafu kesho yake anakatizwa tena. Kwa hiyo usikimbilie kuzima kila kitu. Tafuta kwanza anaingilia wapi, ufunge mlango huo.

Majina ya menyu nimeyaacha kama yanavyosomeka kwenye simu nyingi zinazouzwa kwetu, ambazo huja kwa Kiingereza. Yanatofautiana kidogo kati ya kampuni na kampuni. Usipoliona jina nililotaja, fungua "Settings" na uandike neno lake kwenye kisanduku cha kutafuta kilicho juu. Ni haraka kuliko kuzunguka kwenye menyu.

Hatua ya kwanza: mtafute anakoingilia

Fungua mechi ya mazoezi, ile isiyo na pointi za kupoteza. Chomoa vipokea sauti, zima Bluetooth, usiseme neno, ucheze kama kawaida yako. Msaidizi akitokea hapo, anaitwa na mikono yako. Asipotokea, chomeka waya au unganisha vile vya Bluetooth na uendelee kimya. Akija sasa, tatizo liko masikioni. Kama bado katulia, washa mazungumzo ya kikosi na upige kelele zako za kawaida. Akiamka, basi kweli anasikiliza.

Akitokea, mwangalie ni nani hasa. Kwenye Android nyingi ni Mratibu wa Google au Gemini, ambayo Google ilitangaza mwaka 2025 kwamba itachukua nafasi ya Mratibu kwenye simu. Samsung ina Bixby pia. Infinix ina Folax, Tecno ina Ella, na iPhone ina Siri. Simu moja inaweza kuwa na wawili, na ukimfunga wa Google, yule wa kampuni bado yuko macho. Hili huwachanganya sana wenye Infinix na Tecno, na ndio wengi mtaani.

Kuna mgeni mwingine ambaye si msaidizi. Kama simu imeanza kusoma kila unachogusa, na kugusa mara moja hakufungui kitu mpaka uguse mara mbili, hiyo ni TalkBack, programu ya kuwasaidia wasioona. Kwenye simu ambazo njia yake ya mkato imewashwa, kubana vitufe vyote viwili vya sauti kwa sekunde chache huiamsha, na ukishika simu kwa ulalo ni rahisi kuvibana bila kujua. Bana tena vivyo hivyo vyote viwili ili kuizima, kisha uingie "Accessibility" na uondoe njia hiyo ya mkato. Kama nyumbani kuna mtu anayeitegemea, usiiguse.

Kitufe cha pembeni

Ukilaza simu, kitufe cha kuwasha kinakuwa juu au chini, pale pale kidole cha shahada kinapoegemea au kiganja kinapobana. Kwenye simu nyingi za Android 12 na kuendelea, kukibana kwa muda hakuleti tena menyu ya kuzima bali humwita msaidizi. Wanaocheza kwa vidole vinne, viwili juu na viwili chini, ndio wanaoumia zaidi.

Kwenye Android ya kawaida ingia "Settings", "System", "Gestures", kisha "Press and hold power button", uchague menyu ya kuzima badala ya msaidizi. Kwenye Samsung ni "Advanced features", halafu "Side button". Badilisha kinachotokea ukibana kwa muda, na ukiwa hapo uzime pia ule mbonyezo wa mara mbili unaofungua kamera, maana nao unakatiza. Kwenye iPhone ingia sehemu ya Siri ndani ya "Settings" na uzime "Press Side Button for Siri". Kwa iPhone zenye kitufe cha mviringo chini, maneno ni "Press Home for Siri".

Ukiwa kwenye vitufe, tazama na "Emergency SOS". Kwenye simu nyingi mibonyezo mitano ya haraka ya kitufe cha kuwasha huanzisha hesabu ya kupiga simu ya dharura. Mimi singeizima, ni kitu cha kukuokoa ukiwa barabarani usiku. Afadhali usogeze mkono.

Kona za chini

Kama unatumia simu kwa kutelezesha kidole badala ya vile vitufe vitatu, kutelezesha kutoka kona ya chini kwenda katikati humwita msaidizi. Sasa fikiria gemu za kupigana zilivyopangwa: usukani wa kutembea uko kona ya kushoto chini, na kitufe cha kufyatua kona ya kulia chini. Zima hilo kwenye "Navigation mode", ndani ya mipangilio midogo ya alama ya gia, mahali palipoandikwa kuhusu kumwita msaidizi kwa kutelezesha. Kwa wanaotumia vitufe vitatu, tatizo ni kile cha katikati ukikibana kwa muda. Hapo hapo utaona pia "Circle to Search", ya kutafuta kitu kwa kukizungushia kidole, kwenye simu mpya. Izime kama nayo inajitokeza.

iPhone zenye Apple Intelligence, yaani akili mnemba ya Apple, zina jambo la ziada: kugonga mara mbili ukingo wa chini wa skrini hufungua Siri ya kuandika. Mtu anayegonga kitufe cha pasi kwa fujo atalifungua tu. Tafuta "Type to Siri" kwenye mipangilio ya Siri na uizime.

Ukitaka kumaliza habari ya vidole yote kwa mara moja kwenye Android, ingia "Apps", "Default apps", "Digital assistant app", kisha uchague "None". Kuanzia hapo kona na kitufe cha katikati havina wa kumwita. Ni dawa nzuri kwa mtu ambaye hamtumii msaidizi hata siku moja, na tuseme ukweli, ni wengi. Lakini usidhani umefunga kila kitu. Vipokea sauti vina njia yao.

Vipokea sauti, hasa vya waya

Hapa ndipo watu wanapopoteza muda mwingi, kwa sababu tatizo linaonekana la programu kumbe ni la chuma na uchafu.

Pini ya vipokea sauti vyenye maikrofoni ina sehemu nne zilizotenganishwa na mistari mitatu myeusi au myeupe: sikio la kushoto, sikio la kulia, ardhi (njia ya umeme kurudi) na maikrofoni. Vitufe vilivyo kwenye waya havina waya wao wa pekee. Vinatumia ule wa maikrofoni. Ukibonyeza kimoja, simu inapima ukinzani kati ya maikrofoni na ardhi na kukisia umebonyeza kipi. Kwa kipimo kilichowekwa na Android, kitufe cha kucheza na kusimamisha ni karibu omu 0 (omu ndicho kipimo cha ukinzani), cha kuongeza sauti omu 240, cha kupunguza omu 470. Omu 135 zimetengwa kwa kitufe cha nne, ambacho baadhi ya simu hukitumia kuamsha amri ya sauti. Na kile cha kucheza kikibanwa kwa muda, nacho humwita msaidizi.

Sasa weka jasho ndani ya tundu hilo, au vumbi la mfukoni, au unyevu wa ziwa na ile mvua ya alasiri ya Kisumu. Sehemu mbili za pini zinagusana kidogo, simu inapima, inaona namba inayofanana na kitufe kilichobanwa, na inatii. Hakuna aliyegusa kitu. Ndiyo maana ukizungusha pini muziki unasimama wenyewe, sauti inashuka yenyewe, au msaidizi anaamka. Ukiziona dalili hizo tatu zikija kwa kupokezana, acha mipangilio ya simu. Shida ni tundu, pini au waya. Nakuru wakati wa kiangazi cha Januari mambo ni hayo hayo, ila badala ya unyevu ni vumbi.

Anza na kava. Kava nene la mpira huzuia pini isiingie mpaka mwisho, na pini iliyoingia nusu hukaa kwenye sehemu zisizo zake. Vua kava, sukuma pini mpaka isikike imeingia, ucheze. Inashangaza mara ngapi kazi huishia hapo.

Haijaisha? Azima vipokea sauti vya mwenzako. Vikicheza bila matata, vyako ndivyo vibovu, na hasa angalia pale waya unapoingia kwenye pini na kwenye kile kisanduku cha vitufe. Hapo ndipo hukatikia. Vya mwenzako navyo vikisumbua, tundu linahitaji kusafishwa. Zima simu. Chukua kijiti cha meno cha mbao, chembamba, ukizungushe taratibu kando kando ya tundu huku simu imeinama ili uchafu udondoke. Usitumie sindano wala pini ya nguo, maana ndani kuna vibati vidogo vya kugusia na ukikipinda kimoja umejiletea gharama. Usipulize kwa mdomo pia, kwa sababu pumzi ina unyevu ule ule unaotaka kuuondoa. Kama uchafu umeganda, tone dogo la spiriti kwenye brashi laini linatosha, kisha uache mpaka ikauke kabisa kabla ya kuwasha.

Bado? Basi ni fundi. Kwenye simu nyingi tundu hilo hubadilishwa bila kugusa bodi kuu. Muulize bei kabla hajafungua, na ukae hapo hapo aifungue ukiona. Fundi mzuri hujaribu kwanza vipokea sauti vyake mwenyewe; akianza kuzungumzia kuflashi simu, yaani kuiwekea mfumo upya, kabla hajatazama tundu, mwambie tu, "Sawa fundi, nitarudi," uendelee na safari.

Kuna ujanja usiogharimu sana kwa wanaocheza eFootball, gemu ya soka, na gemu nyingine zisizohitaji kuongea. Nunua vipokea sauti visivyo na maikrofoni, vyenye pini ya mistari miwili. Havina kitufe, havina waya wa maikrofoni, hivyo hakuna cha kubanwa kwa bahati mbaya. Kama ni lazima uongee, maikrofoni ya simu yenyewe itafanya kazi.

Vya Bluetooth haviingii unyevu tunduni, ila vina shida ya kugusa. Vile vidogo vya masikioni huwa na sehemu ya kugusa upande wa nje, na kuigusa kwa muda au mara tatu humwita msaidizi. Ukivirekebisha vikae vizuri sikioni, tayari umemwita. Kama vina programu yake, ingia ubadilishe mguso huo. Vya bei nafuu mara nyingi havina. Kwa hivyo fungua orodha ya Bluetooth kwenye simu, bonyeza alama ya gia kando ya jina lake, uzime swichi ya simu zinazopigwa na uache ile ya muziki na sauti za media. Amri ya kumwita msaidizi hupitia njia ile ile ya simu zinazopigwa. Ukiifunga, mguso hauna pa kupita. Faida nyingine ni kwamba sauti ya gemu haitageuka kuwa nyembamba kama ya simu kila maikrofoni inapowashwa. Hasara ni kwamba utaongea kupitia maikrofoni ya simu, na mtu akikupigia itabidi uishike simu yenyewe. Baada ya mechi unairudisha.

Sauti yenyewe

Sasa tumfikie anayesikiliza kweli. Fungua programu ya Google, gusa picha yako, ingia mipangilio ya Mratibu, kisha "Hey Google & Voice Match", uzime. Kama umeshahamia Gemini, mlango ni huo huo ila unapitia picha yako ndani ya programu ya Gemini. Au andika "Voice Match" kwenye kisanduku cha kutafuta. Bixby izime kwenye kuamshwa kwa sauti; Folax na Ella kwenye mipangilio yao wenyewe.

Kwenye iPhone, tangu iOS 17 ya mwaka 2023, lugha ya Siri ikiwa Kiingereza cha Marekani au Uingereza simu inaweza kuamka kwa neno "Siri" pekee. Kwetu sisi hilo ni balaa dogo, kwa kuwa kikosi kizima kinapanga mahali pa kujificha na mtu anasema iwe siri. Chagua iamke kwa "Hey Siri" tu, au isiamke kabisa.

Maikrofoni: usimnyime asiyehusika

Android 12 na kuendelea ina kitufe cha kufunga maikrofoni ya simu nzima kwenye ile menyu ya kushusha kutoka juu. Kinavutia, kwa sababu kinamaliza kesi ya sauti kwa mguso mmoja. Lakini kinakufunga mdomo wewe pia, na mwenzako atakuwa akipiga kelele ya "nyuma yako" huku jibu lako halimfikii. Kwa gemu ya mtu mmoja, sawa. Kwa gemu ya kikosi, mnyime msaidizi peke yake: "Apps", "Google", "Permissions", "Microphone", ukatae. Gemini au Folax vivyo hivyo. Gemu iachie ruhusa yake. Utakosa kutafuta kwa sauti kwenye Google mpaka urudishe, na hiyo ndiyo bei yake.

Hali ya gemu, na ile ya "Do Not Disturb"

Watu huwasha "Do Not Disturb" wakitegemea itamnyamazisha msaidizi. Haimgusi. Yenyewe inazuia arifa na milio, na kwa kazi hiyo ni nzuri, hasa jumbe za kampuni za simu zinazoingia kila saa, ila msaidizi aliyeitwa na kitufe atakuja tu.

Hali ya gemu iliyokuja na simu inasaidia zaidi. Samsung ina Game Booster, Xiaomi ina Game Turbo, Infinix ina XArena, Tecno nayo ina sehemu yake ya gemu. Ongeza gemu yako kwenye orodha, kisha utafute swichi za kuzuia kutelezesha kwa bahati mbaya, kuzuia arifa, na kufanya simu zinazoingia zionekane kama kipande kidogo tu juu ya skrini. Hakikisha hiyo ya mwisho. Mama akipiga kutoka Siaya hutaki kumkatia kwa sababu ya mechi.

iPhone ina kitu kikali zaidi kiitwacho "Guided Access", ndani ya "Accessibility". Ukiwa ndani ya gemu, bonyeza kitufe cha pembeni mara tatu na simu inafungiwa kwenye gemu hiyo. Katika chaguo zake unaweza kuzima kitufe cha pembeni na vya sauti mpaka umalize. Ni kizuri pia unapomkabidhi mdogo wako simu acheze. Weka namba ya siri utakayoikumbuka, usije ukajifungia nje.

Baada ya kila badiliko

Badilisha kitu kimoja, rudi kwenye mechi ya mazoezi, ujaribu. Ukibadilisha vitano kwa pamoja hutajua kipi kilikuwa kinasumbua, na siku utakapomhitaji msaidizi kuweka kengele au kupiga simu ukiwa na mikono michafu, hutajua urudishe kipi. Kabla ya mashindano ya chuoni au mechi ya kuwekeana mia mbili, zima simu na uiwashe, kisha ubane kitufe cha pembeni kwa makusudi uone kinacholeta nini.

Na simu ikisasishwa, pita tena kwenye "Default apps" na kwenye mipangilio ya kitufe cha pembeni. Sasisho kubwa la mfumo, au kuhamishwa kutoka Mratibu kwenda Gemini, linaweza kurudisha ulichozima, na haliombi ruhusa.